Kesi ya madai yaweza kuondolewa na kurudishwa kortini, lakini muda wa sheria haungoji

KATIKA korido za mahakama za Meru, Maua, Nkubu, Embu, Runyenjes na Siakago kuna kauli inayosikika mara kwa mara: “Tuiondoe kwanza, tutairudisha baadaye.” Mara nyingine kauli hiyo hutoka kwa wakili aliyegundua kasoro katika hati za kesi. Mara nyingine hutoka kwa mzee wa ukoo anayetaka mzozo wa ndugu urejeshwe nyumbani. Mlalamishi huitikia, faili hufungwa, na kila mmoja huenda zake akiamini kwamba kesi imepumzishwa tu.

Imani hiyo ina ukweli nusu. Sheria ya Kenya humruhusu aliyewasilisha kesi ya madai kuiondoa, na mara nyingi humwachia mlango wa kuleta nyingine kuhusu jambo lile lile. Nusu ya pili ndiyo ambayo wengi huijua wakiwa wamechelewa. Kesi iliyoondolewa imekwisha. Itakayokuja baadaye ni kesi mpya, yenye nambari mpya, ada mpya, na tarehe mpya ambayo ndiyo itakayotumiwa kupima iwapo mlalamishi amefika kortini katika muda uliowekwa. Ikiwa muda huo umepita, ruhusa ya jaji ya kuwasilisha kesi upya haimfai kitu.

Jambo hili lina uzito wa pekee katika kaunti za Meru na Embu, ambako ardhi ni chanzo cha sehemu kubwa ya mizozo, na ambako kesi moja yaweza kurithiwa na watoto wa waliopigana mwanzo. Mtu akipoteza haki ya kurudi kortini, hupoteza pamoja nayo shamba alilozaliwa.

Utaratibu wenyewe umo katika Amri ya 25 ya Kanuni za Taratibu za Kesi za Madai za mwaka 2010, zilizotungwa chini ya Sheria ya Taratibu za Kesi za Madai, Sura ya 21. Mwaka 2015 Mahakama ya Rufaa, ikiamua mzozo wa kampuni mbili, iliifafanua amri hiyo kwa kuigawa katika hali tatu, na mahakama za chini zimeurejelea mgawanyo huo tangu wakati huo.

Hali ya kwanza ni pale kesi ambayo bado haijapangiwa tarehe ya kusikizwa. Hapa mlalamishi ni bwana wa kesi yake. Anaandika ilani ya kuiondoa, anaiwasilisha kortini na kuwapa nakala wahusika wote. Haombi ruhusa ya mtu. Kanuni yenyewe inasema wazi kwamba kuondoa kesi kwa njia hiyo hakuwezi kutumiwa kama utetezi dhidi ya kesi itakayoletwa baadaye. Anaweza pia kuondoa sehemu ya madai tu, au kumwachilia mmoja wa walalamikiwa na kuendelea na wengine.

Hali ya pili na ya tatu huanza pindi kesi inapopangiwa tarehe ya kusikizwa. Tarehe ya kutajwa tu, ambayo wenye kesi wengi huichanganya na hii, haihesabiki. Kuanzia hapo mlalamishi hawezi kuondoka peke yake. Ama wahusika wote watie sahihi makubaliano ya maandishi na kuyawasilisha, ama yeye aombe idhini ya mahakama. Akiomba idhini, jaji au hakimu anaweza kuitoa kwa masharti anayoyaona ya haki kuhusu gharama, kuhusu kuwasilishwa kwa kesi nyingine, na kuhusu jambo lolote lingine.

Maneno hayo kuhusu “kesi nyingine” ndiyo kiini cha mambo. Yana maana kwamba mahakama inaweza kumruhusu mlalamishi arudi, inaweza kumruhusu arudi baada tu ya kutimiza sharti fulani, na inaweza kumkatalia. Mahakama huangalia kesi imefika wapi. Anayeomba kuondoa kesi kabla ya shahidi wa kwanza kusimama ana nafasi nzuri. Anayeomba baada ya ushahidi wake mwenyewe kuporomoka alipohojiwa na wakili wa upande wa pili anaonekana kama mchezaji anayetaka mechi ichezwe upya kwa kuwa amefungwa mabao, na mahakama haikosi kuliona hilo.

Kwa sababu hiyo maandishi ya agizo ni muhimu kuliko maneno yaliyosemwa mbele ya jaji. Agizo linalosema “kesi imeondolewa, kila upande ujigharamie, mlalamishi ana ruhusa ya kuwasilisha kesi mpya” ni ngao. Agizo linalosema tu “kesi imeondolewa na mlalamishi alipe gharama” halimfungii mlango moja kwa moja, kwa maana hakuna hukumu iliyotolewa juu ya haki za wahusika, na kifungu cha 7 cha Sura ya 21 huzuia tu jambo ambalo tayari limesikizwa na kuamuliwa. Hata hivyo agizo la namna hiyo humpa mpinzani hoja ya kudai kwamba mahakama inachezewa, na miezi kadhaa yaweza kupotea katika pingamizi kabla ya kesi mpya kuanza kusikizwa. Sentensi moja iliyosahauliwa na wakili siku ya kuondoa kesi huja kulipiwa na mteja.

Kwa nini watu waondoe kesi walizozigharamia? Sehemu kubwa ya jibu la Meru imo katika historia ya ugawaji na usajili wa ardhi. Katika maeneo mengi ya Tigania na Igembe, na katika sehemu za Mbeere upande wa Embu, shughuli ya kutambua nani anamiliki nini imechukua miongo. Sheria ya Utambuzi wa Ardhi, Sura ya 284, inasema katika kifungu cha 30 kwamba mtu hawezi kuwasilisha kesi ya madai kuhusu haki ya ardhi iliyo katika eneo la utambuzi, wala mahakama haiwezi kuisikiza, bila kibali cha maandishi cha afisa wa utambuzi wa ardhi, hadi sajili ya eneo hilo ikamilike kabisa.

Kifungu hicho kimeangusha kesi nyingi. Mkulima anaona jirani amewekewa mpaka ndani ya shamba lake, anakwenda kwa wakili mjini Meru, hati zinaandikwa na kesi inawasilishwa. Miezi kadhaa baadaye wakili wa upande wa pili anauliza kibali kiko wapi. Hakipo. Kwa kuwa sheria inakataza hata kuanzishwa kwa kesi, kibali kilichopatikana baadaye hakiwezi kuitia uhai. Njia iliyo salama ni kuiondoa mapema, kwenda kwa afisa wa utambuzi, kupata kibali na kurudi. Afisa akikataa, sheria inamruhusu mlalamishi kukata rufaa kwa Waziri.

Kuna jambo lingine la kuangaliwa kabla ya kuchukua njia hiyo. Sheria hiyo ina hatua zake za ndani. Asiyeridhika na sajili huwasilisha pingamizi kwa afisa wa utambuzi katika siku 60 tangu ilani ya kukamilika kwake kutangazwa, na asiyeridhika na uamuzi wa pingamizi ana siku nyingine 60 za kukata rufaa kwa Waziri, ambaye kwa kawaida huwakilishwa na naibu kamishna wa kaunti. Mtu aliyekaa kortini miaka miwili na kesi isiyo na kibali anaweza kuiondoa na kukuta kwamba siku 60 zake zilikwisha zamani, akiwa ameketi katika benchi la mahakama isiyokuwa na uwezo wa kumsikiza.

Kasoro ya pili inayojitokeza sana ni ya warithi. Mzee amefariki, shamba liko katika jina lake, na jirani au ndugu wa kambo ameanza kulima upande mmoja. Kifungua mimba anakimbilia kortini kumshtaki. Anachosahau ni kwamba yeye si mwenye shamba machoni pa sheria. Mahakama ya Rufaa ilishikilia mwaka 1993 kwamba mtu hawezi kushtaki kwa niaba ya mali ya marehemu kabla hajapata hati za usimamizi wa mali hiyo, hata akiwa mtoto au mjane wake. Kesi aliyoileta kabla ya hati hizo imezaliwa mfu, na kupata hati katikati ya safari hakuirekebishi. Hapa tena dawa ni kuiondoa na kuanza upya. Wanaojua mapema huomba hati finyu chini ya Sheria ya Urithi, Sura ya 160, ambayo humruhusu mtu kufungua kesi tu, bila kugawa mali, na hupatikana kwa haraka kuliko hati kamili.

Kasoro ya tatu ni ya kwenda katika mahakama isiyofaa. Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya mwaka 2015 iliweka viwango: hakimu mkazi husikiza madai yasiyozidi Sh5 milioni, na hakimu mkuu yasiyozidi Sh20 milioni. Juu ya hapo kesi ya ardhi huenda Mahakama ya Ardhi na Mazingira, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2011 na yenye vituo Meru na Embu. Shamba lililo kando ya lami au karibu na mji laweza kuvuka kiwango bila mwenyewe kutambua, hadi mthamini wa upande wa pili alete ripoti yake. Wengi hudhani kesi kama hiyo huhamishwa tu kutoka jengo moja hadi jingine. Sivyo. Msimamo uliotokana na uamuzi wa Uganda wa mwaka 1968, na ambao Mahakama ya Rufaa ya Kenya iliutilia nguvu mwaka 2016, ni kwamba kesi iliyowasilishwa katika mahakama isiyo na uwezo haihamishiki, maana hakuna cha kuhamisha.

Nje ya kasoro hizo tatu, makosa mengi hayahitaji kesi iondolewe. Mlalamishi anaweza kurekebisha hati zake mara moja bila kuomba ruhusa kabla ya majibizano ya maandishi kufungwa, na baada ya hapo kwa idhini ya mahakama wakati wowote kabla ya hukumu. Mhusika aliyesahauliwa anaweza kuongezwa, na aliyeingizwa kimakosa anaweza kuondolewa, kesi ikaendelea. Amri ya 8 inakwenda mbali zaidi: mahakama yaweza kuruhusu jina la mhusika lisahihishwe hata baada ya muda wa kushtaki kupita, mradi kosa lilikuwa la kweli na halikumpotosha mtu.

Hapo ndipo tofauti kati ya kurekebisha na kuondoa huwa tofauti ya kupata na kukosa. Tuchukue mfano wa abiria aliyevunjika mguu katika ajali ya matatu kwenye barabara ya Embu kuelekea Meru mnamo Machi 2021. Sheria ya Muda wa Kushtaki, Sura ya 22, inampa miaka mitatu, yaani hadi Machi 2024. Aliwasilisha kesi Agosti 2023, akiwa bado na nafasi. Juni 2024 wakili wake akagundua kwamba jina la mmiliki wa gari limeandikwa visivyo, akashauri kesi iondolewe na kuletwa upya. Upande wa pili ukakubali bila kubishana, jambo ambalo lingepaswa kumshtua. Kesi mpya ilipofika kortini Agosti 2024, pingamizi la kwanza lilikuwa kwamba imechelewa kwa miezi mitano. Kama angeomba kurekebisha jina, kesi ya Agosti 2023 ingebaki hai na tarehe yake.

Hesabu hizo hutofautiana kulingana na aina ya dai. Anayedai kutokana na mkataba ana miaka sita. Anayedai kurejeshewa ardhi ana miaka 12. Aliyechafuliwa jina ana miezi 12 tu. Anayeishtaki Serikali kwa madhara kama ya ajali ana miezi 12 vilevile, na kwa mkataba miaka mitatu, chini ya sheria nyingine, Sura ya 39. Mfanyakazi aliyeachishwa kazi ana miaka mitatu kwa mujibu wa Sheria ya Ajira ya mwaka 2007. Mahakama inaweza kuongeza muda katika kesi za majeraha ya mwili yaliyosababishwa na uzembe, tena kwa aliyekuwa hajui mambo muhimu ya kesi yake. Haina uwezo huo katika mkataba wala katika ardhi.

Katika ardhi kuna jambo moja linalowahusu watu wa Meru moja kwa moja. Kesi iliyoanzia huko ilifika Mahakama ya Juu, ambayo Oktoba 2018 iliamua kwamba amana ya kimila, yaani ardhi ya familia au ukoo iliyosajiliwa kwa jina la mmoja wao kwa niaba ya wengine, ni haki inayoifuata ardhi hata kama haikuandikwa katika sajili, na kwamba anayeidai si lazima awe anaishi juu yake. Dai la amana lililo mikononi mwa mdhamini halibanwi na miaka 12 kama dai la kawaida. Kwa hiyo aliyefungua kesi akidai ardhi kwa msingi mwingine, kisha akagundua kwamba hoja yake halisi ni amana, ana sababu nzuri ya kukaa na wakili wake na kupima iwapo arekebishe au aondoe. Hata hivyo asikimbilie neno “amana” kama kimbilio la kila aliyechelewa. Mahakama hiyo ilitaka ithibitishwe kwamba ardhi ilikuwa ya familia, ukoo au kundi kabla ya kusajiliwa, na kwamba mdai ni wa kundi hilo na uhusiano wake si wa mbali mno.

Jirani wa kusini, Tanzania, ana mpango tofauti, na kuulinganisha na wa Kenya kunasaidia kuona kila upande umebana wapi. Amri ya 23 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya huko, iliyofuata mfano wa sheria ya India ya mwaka 1908, inasema kwamba anayeondoa shauri bila ruhusa ya kulileta upya hawezi kulileta tena. Anayetaka ruhusa lazima aionyeshe mahakama kasoro ya kiutaratibu au sababu nyingine ya kutosha. Na sheria inatamka bayana kwamba muda wa shauri jipya utahesabiwa kana kwamba la kwanza halikuwahi kuwasilishwa. Kenya ni laini zaidi mwanzoni, kwa kuwa kabla ya tarehe ya kusikizwa haihitaji ruhusa. Lakini Tanzania ina kifungu katika sheria yake ya ukomo kinachoruhusu kutohesabu siku ambazo mtu alitumia kwa nia njema akiendesha shauri katika mahakama isiyo na mamlaka. Sura ya 22 ya Kenya haina kifungu kama hicho, na kwa mwenye shamba aliyetumia miaka minne katika mahakama ya hakimu asiyeweza kumsikiza, pengo hilo ni kubwa.

Kilichomo katika sheria ya Kenya, na ambacho hutumiwa kwa nadra, ni kifungu cha 39. Kinasema muda hauhesabiwi pale ambapo wahusika wamefanya mkataba wa kutotumia kisingizio cha kuchelewa, au pale ambapo anayetaka kukitumia amejifunga mwenyewe kwa vitendo vyake. Maana yake ni kwamba kesi ikiondolewa kwa makubaliano, wahusika wanaweza kuandika katika makubaliano hayo hayo kwamba mlalamikiwa hatadai kuwa kesi ya pili imechelewa. Mlalamikiwa anayesema kwa dhati kwamba anataka amani hana sababu ya kukataa kutia sahihi. Akikataa, mlalamishi amejua mapema anashughulika na mtu wa aina gani.

Ushauri huo unawafaa hasa wale wanaoondoa kesi ili wakaketi na wazee. Katika Meru, baraza la Njuri Ncheke, lenye makao yake Nchiru katika Tigania, limesuluhisha mizozo ya ardhi tangu kabla ya mahakama za kikoloni, na Embu na Mbeere wana mabaraza yao ya wazee. Katiba ya mwaka 2010, katika kifungu cha 159, inaziagiza mahakama kuhimiza njia za jadi za kutatua mizozo, na Idara ya Mahakama ilizindua sera ya mifumo mbadala ya haki mwaka 2020. Hakuna aibu wala kosa katika kurejesha mzozo nyumbani. Tatizo ni kuamini kwamba lazima kesi ifutwe ili wazee waisikize.

Sheria ya Taratibu za Kesi za Madai inaruhusu mahakama yenyewe kupeleka mzozo kwa njia nyingine ya usuluhishi, wahusika wakikubaliana au mahakama ikiona unafaa. Faili hubaki hai. Wazee wakifanikiwa, makubaliano huletwa na kuwa agizo la mahakama, lenye nguvu ya kutekelezwa kama hukumu. Wakishindwa, kesi huendelea pale ilipoachwa. Familia iliyoondoa kesi yake kabla ya kwenda kwa wazee haina lolote kati ya hayo. Vikao huahirishwa kwa ajili ya mazishi, mavuno na uchaguzi, mzee mmoja hufariki, mwingine hukataliwa na upande mmoja, na miaka hupita.

Kipindi kati ya kesi ya kwanza na ya pili kina hatari nyingine isiyofikiriwa. Agizo la muda lililomzuia mlalamikiwa kuuza au kujenga hufa pamoja na kesi lililotolewa ndani yake. Kesi ikiondolewa Jumatatu, mlalamikiwa ni mtu huru Jumanne, naye anaweza kumuuzia mtu wa tatu asiyejua lolote. Sheria ya Usajili wa Ardhi ya mwaka 2012 inamruhusu mwenye maslahi katika ardhi kuweka ilani ya tahadhari kwa msajili, ambayo huzuia ardhi isihamishwe bila yeye kujulishwa. Mwenye busara huiweka kabla ya kuondoa kesi.

Tena, kuondoa kesi hakumalizi madai ya upande wa pili. Ikiwa mlalamikiwa alikuwa amewasilisha madai yake dhidi ya mlalamishi ndani ya kesi hiyo hiyo, kanuni zinasema madai hayo yanaweza kuendelea. Wapo waliorudi nyumbani wakidhani vita vimekwisha, kumbe wamebaki kortini kama walalamikiwa. Neno lenyewe “mshtakiwa” huwatia hofu watu vijijini, ambako wengi hulihusisha na jela. Katika kesi ya madai hakuna kifungo cha kosa, lakini hukumu ya kumtoa mtu shambani inaweza kutolewa.

Gharama hufuata. Msingi uliowekwa na kifungu cha 27 ni kwamba aliyeshindwa hulipa, na anayeondoa kesi huhesabiwa kama aliyeshindwa isipokuwa mahakama iamue vingine au wahusika wakubaliane. Kesi ikiondolewa yote, mlalamikiwa anaweza kumwandikia msajili aingize hukumu ya gharama bila kusikizwa upya. Na mlalamishi akileta kesi ya pili juu ya jambo lile lile kabla ya kulipa gharama za ile ya kwanza, mahakama inaweza kuisimamisha hadi alipe. Katika kipindi hicho chote cha kusimama, mpinzani ndiye anayelima.

Pamoja na hayo yote, kuondoa kesi kwa utaratibu ni afadhali mara kumi kuliko kuitelekeza. Wenye kesi wengine, wakiona mambo yamewaendea vibaya, huacha tu kufika kortini wakidhani matokeo ni yale yale. Amri ya 12 inasema mlalamishi asipofika siku ya kusikizwa na mlalamikiwa akafika na kukana madai, kesi hutupiliwa mbali, na hairuhusiwi kuletwa nyingine juu ya jambo hilo. Kinachobaki ni kuomba agizo hilo lifutwe kwa kueleza sababu ya kutofika. Ilani ya ukurasa mmoja iliyowasilishwa wiki moja kabla ingemwachia haki ambayo kutofika kumempokonya.

Kanuni hizi zinahusu kesi za madai za kawaida tu. Katika kesi za jinai, mashtaka yakiondolewa na upande wa mashtaka kabla ya mshtakiwa kujitetea, anaweza kukamatwa na kushtakiwa tena. Mlalamishi akiiondoa mwenyewe kwa ruhusa ya mahakama chini ya kifungu cha 204 cha sheria ya jinai, mshtakiwa huachiliwa moja kwa moja. Katika kesi za kutetea haki za kikatiba, kanuni za mwaka 2013 huiruhusu mahakama kuendelea kusikiza hata kama aliyeileta amebadili nia. Na katika kesi za kupinga uchaguzi usio wa urais, ambazo lazima ziwasilishwe katika siku 28 tangu matokeo kutangazwa, anayetaka kujiondoa huhitaji idhini, na mpiga kura mwingine anaweza kuomba kuchukua nafasi yake.

Mlalamikiwa naye hana haja ya kukaa kimya akitazama. Anapoombwa kutia sahihi makubaliano ya kuondoa kesi, anaweza kukubali kwa sharti kwamba gharama zake zilipwe kwanza, au kwamba kesi nyingine isiletwe kabisa, au iletwe katika siku zilizotajwa. Asipoombwa, na kesi ikiwa imekwisha kupangiwa tarehe, anaweza kumweleza jaji ni mashahidi wangapi amewasafirisha na mara ngapi, na kuomba masharti hayo yawe sehemu ya agizo. Agizo likishatolewa, kila upande una haki ya kupata nakala yake iliyoidhinishwa kutoka kwa masjala, na ni nakala hiyo ambayo jaji wa kesi ya pili ataomba kuiona kabla ya jambo lingine lolote.